Somo la upanga wa samurai nchini Japani: tafuta mwalimu kabla ya mavazi

Wengi wa kwetu wanaofika Japani huenda na shughuli yao: masomo ya ufadhili, kozi ya JICA (shirika la misaada la Japani), kununua magari Yokohama au Nagoya, au mkutano wa siku chache. Ikipatikana siku ya mapumziko, huishia Asakusa au Kyoto wakipiga picha. Somo la upanga ni matumizi mazuri zaidi ya nusu siku hiyo, mradi uchague vizuri. Mahali pa kuvaa hakama, ile suruali pana ya samurai, na kushika upanga ni pengi mno siku hizi, ila mwalimu atakayekusahihisha mkono mara ishirini bila kuchoka si rahisi kumpata. Mwongozo huu ni wa anayemtaka huyo mwalimu, hata kama hajawahi kushika chochote kirefu kuliko kisu cha jikoni.

1. Jua unataka nini

Chini ya jina la "samurai" watu huuza vitu vinne tofauti, na tangazo halitakueleza tofauti yake.

Kendo ni mchezo wa kupambana kwa fimbo ya mianzi iitwayo shinai, ukiwa umevaa kofia ya kitambaa kinene yenye nondo za chuma usoni na kinga ya kifua. Una kelele, una jasho, na kwa somo moja utabaki kwenye hatua za miguu. Iaido ni sanaa ya kuchomoa upanga, kukata, kisha kuurudisha alani. Hakuna mpinzani mbele yako, unamwazia. Tameshigiri ni kukata mkeka uliokunjwa kwa upanga mkali wa kweli. Ya nne huitwa tate, ni mapigano ya kuigiza ya jukwaani na kwenye sinema. Inachekesha na watoto huipenda sana, lakini wapiganaji wa zamani hawakufanya hivyo.

Kwa mgeni mwenye saa mbili au tatu, pendekezo langu ni iaido, na kama darasa linamalizia kwa tameshigiri, ni bora zaidi. Sababu ni kwamba iaido inafundishika polepole. Unaweza kutoka umejifunza tendo moja zima, lenye mwanzo na mwisho, badala ya vipande.

Ujue pia kwamba hakuna samurai anayekusubiri huko. Serikali ya Meiji ilipiga marufuku kuvaa upanga hadharani mwaka 1876, na tabaka lenyewe likavunjwa. Kilichobaki ni shule za upanga zinazorithishwa kutoka kwa mwalimu hadi mwanafunzi. Nyingine ni kongwe kweli: Katori Shinto-ryu ya mkoa wa Chiba ina asili ya karne ya 15. Nyingine ni za juzi: Toyama-ryu ilitungwa katika chuo cha jeshi mwaka 1925, nayo inapenda sana kukata. Katika iaido, majina utakayoyasikia zaidi ni Muso Shinden-ryu na Muso Jikiden Eishin-ryu. Hata darasa la wageni linalojiheshimu litakutajia shule yake bila kusitasita.

2. Uliza maswali kabla ya kulipa

Andika ujumbe mfupi, kwa Kiingereza rahisi au kwa Kijapani cha programu ya kutafsiri, na uulize mambo haya. Mnafundisha shule gani ya upanga? Anayefundisha ana daraja gani, na nani alimpa? Tutatumia upanga wa aina gani? Mwalimu mmoja anasimamia wanafunzi wangapi? Na swali ninalolipenda kuliko yote: katika muda wote wa somo, ni dakika ngapi upanga utakuwa mkononi mwangu?

Jibu la mwisho hufichua mengi. Kuna vipindi vya saa moja na nusu ambavyo nusu yake ni kuvalishwa, robo ni picha, na kilichobaki ni kupunga upanga wa plastiki. Sina ugomvi na picha. Ila kama ni picha unazotaka, lipa bei ya picha.

Bei hutofautiana sana. Somo la utangulizi kwa mgeni mara nyingi huwa kati ya yeni 5,000 na 20,000 kwa mtu, na kukata mkeka hupandisha gharama kwa sababu kila mkeka hutumika mara moja na kuisha. Ukiona bei nzuri, soma kama inahusu mkeka mmoja au zaidi.

Njia nyingine ni kwa anayeishi Japani miezi kadhaa, mwanafunzi au mkufunzi. Mwache mtalii na mambo yake. Wewe nenda kwenye ukumbi wa michezo wa manispaa yako au klabu ya chuo. Vikundi vya iaido na kendo hukutana humo jioni kwa ada ndogo ya mwezi, na wengi huruhusu kwanza kuja kutazama tu. Omba kwa neno hili: kengaku. Ukishatazama na wakakuona umekaa kimya hadi mwisho, kuomba kujaribu kunakuwa rahisi.

3. Tayarisha mwili na taarifa zako

Tuma urefu wako kwa sentimita na uzito kwa kilo, maana hakama na upanga huchaguliwa kwa urefu wa mtu. Mtu mrefu au mnene asisubiri kufika ndipo aseme. Stoo ya mavazi imejaa saizi za Wajapani.

Taja matatizo ya magoti, mgongo na bega mapema. Kata kucha za mikono na miguu. Acha pete, bangili, saa na cheni hotelini. Rasta na misuko mirefu ifungwe nyuma. Hijabu haina tatizo lolote: vaa ile ya kubana isiyoning'inia mbele, na utafurahi kuona kwamba hakama ni pana na inasitiri hadi kifundo cha mguu. Ndani vaa fulana na suruali nyepesi ya kubana. Miguu itakuwa mitupu juu ya mbao. Januari sakafu hiyo ni barafu, na Agosti ukumbi usio na kiyoyozi utakukausha maji yote mwilini, kwa hiyo beba chupa.

Anayetumia mkono wa kushoto asiombe kugeuziwa. Upanga hukaa kiunoni upande wa kushoto na huchomolewa kwa mkono wa kulia, kwa kila mtu. Utakuwa na faida yako baadaye, maana mkono wa kushoto ndio unaobeba kazi kubwa.

Fika dakika 15 kabla. Ukichelewa treni, piga simu au andika ujumbe hapo hapo. Kuchelewa kimya kimya huko ni dharau, na dakika ulizopoteza hazirudishwi mwishoni.

4. Kuingia na kuvaa

Viatu huvuliwa mlangoni, ncha zikielekea nje. Inama kidogo unapovuka kizingiti cha ukumbi. Kabla ya kuvalishwa, nenda msalani. Ninalisema kwa uzito wake: ukishafungwa mshipi na hakama, safari ya msalani ni mradi mzima.

Koti huvaliwa upande wa kushoto ukiwa juu ya wa kulia. Kinyume chake ni vazi la maiti, na mtu atakuja kukurekebisha haraka. Juu yake mshipi uitwao obi huzungushwa mara kadhaa, kisha hakama. Upanga hupitishwa kati ya mizunguko ya obi ili usiguse mwili moja kwa moja wala kucheza, makali yakitazama juu.

5. Salamu, na suala la kuinama

Somo hufunguliwa kwa salamu tatu: kwa upande wa heshima wa ukumbi, kwa mwalimu, na kwa upanga wenyewe. Husemwa "onegaishimasu" mwanzoni na "arigato gozaimashita" mwishoni.

Wasomaji wengi, Waislamu kwa Wakristo, watajiuliza kuhusu hili, hasa pale ukumbi unapokuwa na kijumba kidogo cha Kishinto ukutani. Kwa walimu wengi ni adabu ya ukumbi, ila dhamira ni yako. Usingoje dakika ya salamu ndipo ugande. Andika katika ujumbe wa kwanza kwamba ungependa kuinamisha kichwa tu kwa mwalimu, au kusimama kwa heshima wakati wengine wanasujudu, na uone wanajibu nini. Jibu likikuudhi, bado una muda wa kutafuta pengine.

Mkao wa salamu ni seiza: kukalia visigino. Kushuka, goti la kushoto hutangulia; kuinuka, mguu wa kulia hutangulia. Aliyezoea kukaa tahiyatu ataona mwili wake umeshazoea nusu ya kazi, isipokuwa hapa nyayo zote mbili hulala, hakuna vidole vya kulia vilivyosimamishwa. Ganzi ikikushika, sema. Hakuna tuzo ya kuvumilia, na mtu mwenye miguu iliyokufa ganzi hapaswi kusimama na upanga.

6. Upanga unapokuja mkononi

Uliza ni upanga gani, ukielekeza kidole bila kugusa. Wa mbao huitwa bokuto, kwa kawaida wa mwaloni. Iaito una umbo la upanga wa kweli lakini ubapa ni wa aloi ya zinki na alumini, hauna makali, ingawa ncha yake inaweza kukujeruhi. Shinken ndio wa chuma, mkali. Mgeni anayepewa shinken kabla ya kushika bokuto anatumiwa kama bidhaa. Hapo ningeomba pesa yangu.

Upanga wa kawaida una ubapa wa karibu sentimita 70 na uzito wa kilo moja na kitu. Mpini umeshikwa kwenye ubapa kwa kijiti kimoja tu cha mwanzi, mekugi, kinachopenya kutoka upande hadi upande. Mtazame mwalimu: akikagua kijiti hicho kabla ya kukupa, uko mahali salama. Kisipokaguliwa kikalegea, ubapa unaweza kuchomoka na kuruka.

Adabu zake ni hizi. Huruki upanga uliolazwa chini. Hugusi wa mtu mwingine bila ruhusa. Hugusi ubapa kwa vidole, kwa sababu jasho la ngozi huacha kutu. Unaposogea kati ya watu, upanga uko alani na mkono wa kushoto umeshika ala, kidole gumba juu ya kikingio, lile bamba lililo kati ya mpini na ubapa.

Sasa mshiko. Mkono wa kushoto hukaa mwisho wa mpini, wa kulia karibu na kikingio, na kati yao nafasi. Kaza kidole cha mwisho na cha pete. Kidole cha shahada na gumba viwe vimetulia. Karibu kila mgeni hufanya kinyume, akabana kwa kidole cha shahada na kusukuma kwa mkono wa kulia. Sisi tuliokulia na panga la shambani tuna tabia yetu ya ziada: tunachapa kwa kifundo cha mkono mmoja. Katana, yaani upanga huu wa samurai, hauchapi. Una mkunjo, na hukata kwa kupita ndani ya kitu huku ukivutwa. Mkono wa kushoto huvuta, wa kulia huongoza njia.

Simama na mguu wa kulia mbele, kisigino cha kushoto kimeinuka kidogo, ncha ya upanga ikielekea koo la mtu unayemwazia. Nyayo haziinuliwi, huteleza juu ya sakafu.

7. Kukata hewa

Utapewa mizunguko mingi ya kuinua juu ya kichwa na kushusha. Usiionee uvivu. Hapa ndipo unapojifunza kunyoosha makali na njia ya upanga viende pamoja, jambo ambalo Wajapani huita hasuji. Njia ya kujipima ipo, nayo ni sikio. Iaito nyingi zina mfereji kwenye ubapa. Makali yakienda sawa, hewa hupita humo na kutoa mlio mkali wa filimbi. Yakipinda, unasikia mvumo hafifu, au kimya. Nguvu zikizidi, mlio hupotea. Legeza mabega, na utashangaa kuusikia ukirudi.

8. Kuchomoa na kurudisha

Hiki ndicho kiini cha somo, na kama mwalimu atakuuliza unataka kutumia muda wapi, mwambie hapa. Umbo la kwanza ambalo karibu kila mtu hufundishwa huitwa Mae, "mbele". Ni la kwanza kati ya maumbo 12 ya pamoja ya Shirikisho la Kendo la Japani, na huanza ukiwa umekaa seiza.

Mkono wa kushoto unashika mdomo wa ala na gumba linasukuma kikingio mbele kidogo, upanga uachie. Mkono wa kulia unafika kwenye mpini bila haraka. Anza kuchomoa makali yakiwa juu, huku magoti yakiinuka na vidole vya miguu vikikunjwa kushika sakafu. Ncha inapokaribia kutoka, geuza ala makali yalale, kisha vuta ala nyuma kwa mkono wa kushoto wakati mkono wa kulia unatoka mbele na kukata kwa mlalo. Wageni wote husahau kuvuta ala. Wananyoosha mkono wa kulia hadi mwisho, upanga bado haujatoka, wanakwama na kucheka. Nyonga na mkono wa kushoto ndivyo vinavyotoa upanga.

Halafu unainua juu ya kichwa, mkono wa kushoto unaungana na mpini, unasogea na kukata wima hadi chini. Unasimama huku ukifanya tendo la kukung'uta damu ya kuwaziwa kutoka kwenye ubapa. Mwisho, kurudisha: mkono wa kushoto unaziba mdomo wa ala, mgongo wa upanga unagusa pengo kati ya gumba na kidole cha shahada, unauvuta kuelekea nje hadi ncha idondokee kwenye mdomo wa ala, kisha unauingiza taratibu, macho yakiwa mbele. Ukitazama ala, mwalimu ataona.

Onyo moja ambalo si madaha. Vidole vya mkono wa kushoto visizunguke upande wa makali wa ala. Ala ni mti laini wa jamii ya magnolia, na upanga mkali unaochomolewa vibaya hupasua mti huo na kufika kwenye vidole. Ujifunze hivyo hata na iaito, ili mkono usizoee ubaya.

Fanya polepole kuliko unavyodhani inafaa. Kasi haina kazi yoyote katika somo la kwanza.

9. Mkeka

Mikeka ya kukata ni ile inayofunika tatami, yale magodoro ya sakafu ya Kijapani, imekunjwa, ikafungwa, ikalowekwa majini kwa muda mrefu, kisha ikachujwa na kusimamishwa kwenye kigingi cha mbao. Huko husemwa kwamba ukinzani wake unakaribia ule wa mwili wa mtu. Lichukue hilo kama msemo wa ukumbini.

Utaanza na mkato wa mshazari kutoka juu kulia kwenda chini kushoto, nyuzi zipatazo 45. Mguu wa kulia uwe mbele. Upanga unaishia upande wako wa kushoto, na goti la kushoto likiwa mbele liko njiani. Pima umbali kwanza kwa kunyoosha upanga taratibu: sehemu inayotakiwa kugusa mkeka ni ile iliyo chini kidogo ya ncha, si katikati ya ubapa. Kisha kata kana kwamba mkeka haupo. Anayeulenga mkeka husimama ndani yake, upanga ukanasa katikati, na akijaribu kuutingisha utoke anaweza kuupinda. Ukinasa, acha mikono ilivyo na umwite mwalimu.

Wakati wa mtu mwingine kukata, simama anapokuambia mwalimu, si pembeni kutafuta video nzuri. Simu iombewe ruhusa. Na kama ulikunywa bia mchana, hata moja, achia nafasi yako.

10. Baada ya somo

Omba kuona upanga ukisafishwa. Ubapa hufutwa kwa karatasi laini, kisha hupakwa tabaka jembamba la mafuta ya choji, na ukikaribia utaijua harufu kabla hujaambiwa: ni karafuu. Kuna hata mtindo wa mawimbi kwenye makali, wa mafundi wa kale wa eneo la Bizen, unaoitwa kwa jina la zao hilo kwa sababu umbo lake hufanana na vichwa vya karafuu. Mtu wa Pemba hapo ana la kumhadithia mwalimu.

Ukitaka kuyaona mawimbi hayo kwa karibu, nenda Makumbusho ya Upanga yaliyoko Ryogoku, Tokyo, au yale ya taifa huko Ueno. Nje ya Tokyo kuna Osafune katika mkoa wa Okayama na mji wa Seki katika Gifu, sehemu zenye historia ndefu ya ufuaji. Ukiwa Tokyo tarehe 3 Novemba, shule za kale huonyesha sanaa zao katika hekalu la Meiji.

Kuhusu kununua: upanga wa chuma wa Kijapani huwa na cheti cha usajili, na kuutoa nchini kunahitaji kibali cha Idara ya Utamaduni. Duka linalojua kazi yake hukushughulikia, kwa wiki kadhaa. Iaito haihitaji kibali hicho, lakini kuibeba mtaani bila sababu ya msingi ni kosa, kwa hiyo itoke dukani imefungwa na ikae hivyo hadi uwanja wa ndege. Kabla ya kulipia kimojawapo, uliza forodha ya nyumbani na kila shirika la ndege utakalopanda, pamoja na la kuunganisha.

Kwa wengi wetu bokuto inatosha. Ni nafuu, na kwa dakika kumi kila asubuhi uani inatunza ulichofundishwa. Urefu wake ni karibu sentimita 102, kwa hiyo haiingii kwenye sanduku la kawaida wala hairuhusiwi kabini. Ifunge kwenye katoni ndefu, weka jina na namba ya simu pande zote mbili, na uikabidhi kwenye kaunta ya mizigo isiyo ya kawaida mapema, kabla foleni haijawa ndefu.